Kurudisha Ziara ya Bombay

Habari ya kwamba tunakwenda India ilipotoka nyumbani kwetu na kuteremka mpaka stesheni ya Munisagara, mahali ambapo kila habari ya kijiji chetu hupumzika kidogo kabla ya kuendelea na safari yake, watu walianza kuja mmoja mmoja, nyuso zao zimejaa huzuni na sauti zao ziko chini, wakaketi mkekani, wakanyamaza kwa adabu, kisha wakauliza ni nani miongoni mwetu anayeumwa. Mama mmoja mtu mzima, ambaye nimemzoea tangu nilipohamishiwa kufundisha huku, alikuja na kuku kwapani na noti ya shilingi elfu tano ameifundika katika pindo la khanga, akasema, "Pole sana, Mwalimu. Hiki ndicho tulichojaliwa, na mgonjwa Mungu atamnyanyua." Nilipomweleza kwamba nyumba nzima tu wazima, alhamdulillahi, na kwamba tunakwenda kutembea tu, kutazama bandari na majumba, alinikazia macho kitambo kirefu, jicho la mtu anayejua kuwa anafichwa jambo, akamwacha kuku, akairudisha noti yake katika pindo, akaenda zake.

Sikumlaumu. Kwetu sisi India ni jina la hospitali kabla halijawa jina la nchi. Mtu "akipelekwa India" ndugu hukusanya michango, msikitini na kanisani huombwa dua, na arudipo, kama amejaliwa kurudi, haulizwi aliona nini, huulizwa alipasuliwa wapi. Kwamba mtu mwenye afya yake, mstaafu wa ualimu wa shule ya msingi, atoe sehemu ya kiinua mgongo chake na akiba ya mavuno matatu ya ufuta, awachukue mkewe na watoto watatu avuke nao bahari kwa ajili ya kutazama tu, hilo lilikuwa jambo lisilo na mlango wa kuingilia katika akili za majirani zangu, na nakiri kwamba siku za mwanzo halikuwa na mlango mpana sana hata katika akili yangu mwenyewe.

Kwa nini basi Mumbai? Binti yangu, aliye kidato cha pili, alitaka Dubai kwa sababu ambazo hakuzitaja na ambazo sikuziuliza. Kaka yake alitaka Hong Kong, kwa ajili ya picha aliyoiona ya majengo marefu yamesimama ukingoni mwa bandari kama watu waliokuja kupokea meli. Kitindamimba, mwenye miaka kumi, alitaka popote penye treni. Mama yao, ambaye ni fundi cherehani na kwa hiyo amezoea kuwasikiliza watu wakitaka nguo ambazo kitambaa chao hakitoshi, alinyamaza mpaka wote walipokwisha, ndipo akaniuliza mimi nataka wapi. Nami nikasema nataka Bombay, nikalitumia jina la zamani kwa makusudi, ijapokuwa najua kuwa tangu mwaka 1995 mji huo umerudishiwa jina la Mumbai, kwa sababu Bombay ninayemdai si mji peke yake. Ni mtu.

Katika bonde hili la Mkondoa, ambalo mto wake unapenya milima ya Usagara na kupita karibu na mashamba yetu kabla ya kuufikia mji wa Kilosa, ulipita mwaka 1871 msafara wa Henry Morton Stanley aliyekuwa akimtafuta Dokta Livingstone, na mkuu wa askari wa msafara ule alikuwa Myao mmoja aliyetekwa angali mtoto, akauzwa kwa mfanyabiashara wa Kihindi, akavushwa bahari akakaa Gujarat miaka mingi, hata bwana wake alipofariki naye akawa huru, akarejea Unguja akiwa na jina la Sidi Mubarak Bombay. Huyu ndiye aliyekuwa amekwisha tembea na Burton na Speke tangu 1857, kisha na Speke na Grant tangu 1860, na baada ya Stanley akatoka tena na Cameron mwaka 1873, akapita tena huku Usagara. Wazungu wale wamepewa maziwa na milima na maporomoko yenye majina yao. Yeye aliyewatangulia njiani, akawapatanisha na machifu, akagombana na wapagazi na kugombezwa na mabwana, jina lake halikubandikwa juu ya kilima chochote cha bonde hili.

Nimefundisha historia kwa miaka thelathini na tatu, na kila nilipofika katika somo hilo nilijisikia kama mtu mwenye deni. Kwa ada zetu, mgeni akikutembelea nawe hungoja siku ukamtembelee, na ukikawia huambiwa umekuwa mzito wa miguu. Bombay ametutembelea. Hatujamrudishia ziara yake.

(Nasema "sisi" kwa maana ya watu wa Munisagara, ijapokuwa mimi mwenyewe nimezaliwa Kimamba. Jina la kijiji hiki nalo lina kisa chake: Mjerumani Karl Peters, alipopita nchi hizi mwishoni mwa mwaka 1884 akikusanya alama za machifu katika karatasi za kutoa nchi zao, ambazo wao hawakuweza kuzisoma, miongoni mwao Mangungo wa Msovero, ambaye kila mtoto wa shule Tanzania anamjua na kumsikitikia, aliandika pia jina la "Muinin Sagara", naye akamtukuza kuwa bwana wa Usagara yote. Mwenye masikio ataisikia Munisagara ndani yake.)

Shauri lilipokubaliwa, jambo la kwanza lilikuwa majira. Shule zetu hufungwa Juni na Desemba, na mimi kwa haraka yangu nilikuwa nimekwisha piga moyo konde kwa Juni, mpaka nilipofungua vitabu nikakuta kwamba mvua za Mumbai huingia katika mwezi huo huo na haziachi mpaka Septemba, na si mvua za kuchezewa: tarehe 26 Julai 2005 ziliteremka milimita 944 kwa siku moja, kiasi ambacho bonde letu hukingojea kwa muda unaokaribia mwaka mzima. Basi ikawa Desemba, mwezi ambao kule ni mkavu na una ubaridi kidogo. Lakini aliyeishi kando ya Mkondoa hawezi kulitaja neno Desemba bila ya kutazama juu. Ilikuwa mwishoni mwa Desemba 2009 na Januari iliyofuata mto huu ulipopanda ukaingia Kilosa, ukawatoa watu majumbani mwao ukawaweka katika mahema, ukaing'oa reli baina ya Kilosa na Gulwe, vipande vyake vikabaki vinaning'inia hewani kama ngazi iliyolazwa. Tukikimbia mafuriko ya Mumbai, tusije tukazuiwa na ya nyumbani. Tumeamua kuondoka wiki ile ile shule zitakapofungwa, kabla mto haujapata nguvu, na kama njia ya Kilosa itakatika mapema, tutapanda kwa Mikumi tushike basi.

Kuna mzee mmoja dukani Kilosa, babu yake alitoka Kutch, ambaye nilimwendea kwa nasaha. Naye alicheka aliposikia Desemba. Akanieleza kwamba wazee wake walikuja Afrika kwa jahazi katika upepo wa kaskazi, ambao huvuma Desemba hadi Machi, wakangojea kusi liwarudishe. Kwa hiyo sisi, akasema, tutakuwa tunakwenda Bombay kwa upepo wa kutoka Bombay, jambo ambalo nahodha yeyote wa zamani angelihesabu ni wazimu. Yeye mwenyewe alisafiri mtoto kwa meli, katika zama za Kampala na Karanja, zile meli mbili zilizokuwa zikienda na kurudi baina ya Bombay na pwani yetu baada ya Vita Kuu ya Pili, na anakumbuka harufu ya achari sitahani kuliko anavyoikumbuka bahari. Alinifunza pia kwamba Wahindi huita hali ya hewa *mausam*, nami nikamwambia kwamba sisi husema msimu, na kwamba sote wawili tumelichukua neno hilo kwa Waarabu, waliolipa jina la *mawsim* wakati wa kusafiri kwa pepo hizo. Tulifurahi kama watu waliogundua kuwa bibi zao walikuwa ndugu.

Ndipo nikatambua, niliporudi na kuketi na daftari la hesabu, jinsi mji huo ulivyokwisha ingia nyumbani kwangu bila ya kubisha hodi. Niliandika *pesa*, niliandika *laki*, mara nyingi kuliko nilivyopenda, niliandika *bima* ya safari na nauli ya *gari*. Maneno manne katika ukurasa mmoja, na yote manne yametoka upande ule wa bahari. Mke wangu, aliyekuwa akikanda unga wa chapati, aliniuliza nacheka nini.

Mambo ya karatasi nitayapita upesi, maana yalinichosha kuyatenda na sioni sababu ya kumchosha msomaji kwa kuyasoma. Pasi za kusafiria ni shilingi 150,000 kwa kila kichwa, nasi tu vichwa vitano. Laki saba na nusu zimekwenda kabla hatujaliona hata tone la maji ya chumvi. Katika fomu ya kijana wangu niliruka herufi moja ya jina lake, mimi mwalimu niliyewachapa watoto wa watu kwa kosa hilo hilo, na herufi hiyo ilinigharimu safari mbili za ziada. Viza huombwa kwa mtandao, na kwa kuwa mtandao wa kijijini huja na kuondoka kama mwenye deni, tuliiombea katika steshenari moja ya Kilosa, watoto wakipigwa picha mbele ya shuka jeupe. Chanjo ya homa ya manjano tulichoma mapema, kwa kuwa cheti chake hakihesabiwi mpaka zipite siku kumi. Habari njema ni kwamba tangu mwaka 2016 cheti hicho hudumu umri wote wa mtu. Ndege ya Air Tanzania hutoka Dar es Salaam ikaufikia mji ule kwa saa sita hivi, na saa za kule zimetangulia zetu kwa saa mbili na nusu. Ile nusu imemkera mke wangu kuliko gharama zote. Saa nzima anaielewa, asema, lakini nusu ni ubishi tu.

Sasa nije katika mji wenyewe, ambao nimeusoma hata najihisi nimekwisha umwa na mbu wake. Hapo kale ulikuwa visiwa saba, Wareno wakiwa wenyewe, na mwaka 1661 visiwa hivyo vilitolewa kwa mfalme wa Uingereza pamoja na bibi arusi, katika mali aliyokuja nayo binti wa Kireno kwa mumewe. Mfalme, ambaye hakuona la kufanya navyo, akaikodisha milki hiyo mwaka 1668 kwa Kampuni ya India Mashariki kwa pauni kumi kwa mwaka. Niliposoma hayo nilimkumbuka Mangungo, ambaye hata hizo kumi hakuandikiwa. Bahari baina ya visiwa ikafukiwa kidogo kidogo, mpaka saba ikawa moja, na mji uliokua kutoka hapo ulikuwa na watu wapatao milioni kumi na mbili na nusu kwa hesabu ya mwaka 2011.

Siku ya kwanza tutakwenda ukingoni mwa bandari, penye lile lango kubwa la mawe liitwalo Gateway of India, ambalo jiwe lake la msingi liliwekwa mwaka 1913 kwa ukumbusho wa kushuka kwa Mfalme George wa Tano miaka miwili nyuma, likakamilika mwaka 1924, na kupita hapo hapo, Februari 1948, kikosi cha mwisho cha Waingereza kikatoka kikarudi kwao. Napenda mlango ambao mtu hujengewa kuingilia kisha akautumia kutokea. Mbele ya lango hilo hupatikana boti za kwenda kisiwa cha Gharapuri, mwendo wa saa moja, penye mapango ya Elephanta, ambamo watu wa kale walichonga ndani ya mwamba sanamu ya Shiva mwenye nyuso tatu, kimo chake kinakaribia meta sita. Siku ya Jumatatu mapango hufungwa, na kwa hiyo Jumatatu yetu imekwisha pangiwa kazi nyingine.

Kisiwa hicho kimeleta mjadala nyumbani. Wareno walikiita kwa jina la tembo kwa sababu walikuta hapo tembo mkubwa wa jiwe. Waingereza walitaka kumchukua kwao. Walipomnyanyua akaanguka, akavunjika vipande, na vipande hivyo vikaunganishwa, naye sasa amesimama katika bustani ya Byculla, ndani ya mji. Watoto wangu wamezoea kuwaona tembo wa Mikumi kwa dirisha la basi, bure, wakivuka barabara kuu kwa taratibu zao ilhali malori ya Zambia yanawangojea, na kijana wangu hakuelewa kwa nini tulipe nauli ya ndege ili tukatazame tembo aliyegandishwa. Nilimjibu kwamba tembo wa Mikumi hakuna aliyewahi kutaka kumpakia melini na kumpeleka London akiwa mzima. Dada yake alisema hilo si jibu. Pengine ana haki, lakini Byculla imebaki katika ratiba, maana kando ya tembo yule ipo nyumba ya makumbusho ya zamani, iliyofunguliwa mwaka 1872, nami ndiye mwenye kiinua mgongo.

Binti naye amepewa haki yake. Karibu na stesheni ya Mumbai Central kuna sinema iitwayo Maratha Mandir, ambayo imekuwa ikionyesha *Dilwale Dulhania Le Jayenge* tangu filamu hiyo ilipotoka mwaka 1995, miaka nenda miaka rudi, na mama yake, ambaye niliona macho yake yakiwaka aliposikia, ameungama kwamba alipokuwa mwari alitembea usiku kutoka shamba la mkonge mpaka Kimamba mjini kwenda kuitazama katika banda la video, akalia, akarudi, akachapwa. Kwa hiyo wanakwenda wawili. Sisi wanaume tutatafuta pa kukaa.

Palipo na ladha kwangu ni Haji Ali. Huyu alikuwa tajiri wa Bukhara aliyeiacha mali yake, na kaburi lake limejengwa juu ya mwamba ndani ya bahari, mbali kidogo na ufuko wa Worli, likiunganishwa na nchi kavu kwa njia nyembamba ambayo maji yakijaa hufunikwa, na yakipwa hufunuka, watu wakapita kwa maelfu miguu mikavu. Nimekwisha andika kwamba tuulizie kwanza saa za maji, kama watu wa pwani wafanyavyo kabla ya kwenda kuvua pweza. Watoto wa bara, ambao maji waliyoyazoea ni ya mto usiojua kurudi nyuma, nataka wasimame pale waone bahari ikiichukua njia na kuirudisha.

Kuhusu chakula sina hofu. Mtu aliyelelewa kwa sambusa, bajia, kachumbari na chai ya viungo hawezi kuwa mgeni sana katika ufuko wa Chowpatty jioni. Hofu ni umati. Mama watoto amesikia kwamba treni za mji ule hubeba watu milioni kadhaa kila siku, na kwamba asubuhi hujaa hata mlangoni watu huning'inia, naye amekata vitenge vya rangi moja, njano kali yenye duara nyekundu, anatushonea sote watano, ili mtu akipotea aonekane kutoka mbali. Nilijaribu kusema kwamba mwanamume wa miaka sitini hapaswi kuvaa sare na mtoto wa darasa la nne. Kauli yangu haikupata wa kuiunga mkono.

Na treni hizo ndizo zilizomkosesha usingizi kitindamimba. Yeye ni mtoto wa stesheni. Anajua honi za vichwa vya garimoshi kama wenzake wanavyojua sauti za mbwa. Nilimwonyesha picha ya stesheni kuu ya Mumbai, ile iliyojengwa kwa miaka kumi tangu 1878, yenye kuba na minara na wanyama wa mawe, ambayo UNESCO iliiingiza mwaka 2004 katika urithi wa dunia, nikamwambia kwamba hapo karibu ndipo treni ya kwanza ya abiria ya India ilipoondokea tarehe 16 Aprili 1853 kwenda Thane, zaidi ya miaka hamsini kabla reli ya Wajerumani haijafika bonde hili. Akaniuliza swali ambalo hakuna mwanafunzi aliyewahi kuniuliza: je, upana wa reli zao ni sawa na wa kwetu?

Tukatafuta. Si sawa. Reli yetu ya zamani, inayopita hapa Munisagara, ni ya milimita 1,000. Ile mpya ya SGR, tutakayoipanda Kilosa mpaka Dar es Salaam, na ambayo imetobolewa mahandaki manne katika milima hii yetu, ni 1,435. Ya Mumbai ni 1,676. Safari yetu itakuwa inapanuka kadiri tunavyokwenda mbali. Mtoto hakuridhika na kuambiwa. Alichukua futi ya mama yake, ile ya kupimia viuno, akashuka stesheni, akaomba ruhusa kwa heshima kama nilivyomfundisha, akapima kutoka ndani ya chuma hadi ndani ya chuma, akarudi mbio akiwa ameandika katika daftari: *mia moja kamili*. Ya Kilosa hawezi kuipima, kwa kuwa ina uzio na umeme juu yake, na nimemwambia akubali maandishi ya wahandisi. Ya Mumbai ameapa ataipima mwenyewe, katika stesheni tulivu, treni ikiwa haipo, mimi nikiwa nimemshika mkono; na ndipo alipogundua, jana usiku, kwamba futi ya fundi cherehani huishia sentimita 150.

Alilia kidogo. Mama yake, aliyekuwa akipinda mikono ya shati langu la njano, alimwambia ailete. Akakata utepe mweupe wa sentimita ishirini, akaushonea mwishoni mwa futi kwa uzi maradufu, akaukata uzi kwa meno. Hivi ninapoandika, mtoto ameketi kizingitini na rula ya shule na kalamu ya risasi, anauchora utepe ule mistari, moja moja, na amefika 161.